Mgeni katika Kanyumba

Tulimzika kaka yake Mapendo siku ya manyunyu, hapo Kibabi, na baada ya maziko sisi wanawake wazee tukawekwa katika chumba cha nyuma, penye joto la jiko. Nilikuwa nimeketi karibu na dirisha nikimenya viazi ambavyo hakuna aliyeniomba nivimenye, maana mikono yangu haijajua kukaa bure msibani. Akaingia mwanamke mfupi, mwembamba, kitambaa cha kichwa kimelowa, akaanza kuwapa watu mkono mmoja mmoja. Aliponifikia aliushika mkono wangu, hakuuachia. "Njo weye, Sifa?" akauliza. Nikasema ndiyo, njo mimi. Alikuwa Mapendo mwenyewe, na hatukuwa tumeonana tangu utoto. Yeye alikuwa Itebero, chini kule kwenye msitu wa Walikale. Mimi nilikuwa Masisi, baadaye Goma. Na katikati yetu zilipita njia mbovu, vita, uzazi, na jambo moja ambalo sikuwahi kulimeza. Nilitaka kulia. Badala yake nikajikuta nimekasirika, hasira ile ile ya zamani, ikapanda ghafla kama maziwa chunguni. Nimewasimulia wanangu jambo hilo mara nyingi, na kila mara hunijibu, "Mama, zamani njo ilikuwa vile." Sentensi hiyo inaniudhi kuliko jambo lenyewe. Mimi nilikuwapo zamani hizo. Haikuwa vile, ilifanywa kuwa vile, na watu niliowajua kwa majina, mchana kweupe, mbele ya macho yangu.

Ulikuwa mwaka ambao mimi na Mapendo tulianza kukatazwa kukwea miti, kwa kuwa tulikuwa tunakuwa wanawali. Wabelgiji walikuwa bado wanatawala, na kutoka kwetu uliweza kuona ng'ambo ya bonde shamba la Mzungu, safu za kahawa zilizonyooka kama nywele zilizosukwa. Sisi hatukuangalia huko. Tulikuwa na kanyumba ketu. Nyuma ya kwao Mapendo, ndani ya migomba, tulisimamisha vijiti, tukaezeka majani, tukaweka mafiga ya mawe madogo na vigae vya chungu kilichovunjika. Mapendo alikuwa mama wa nyumba. Mimi nilikuwa bwana, kwa sababu nilikuwa mrefu na niliweza kukohoa kama baba yangu anaporudi kazini. Nilikohoa mlangoni, nikainama, nikaingia.

"Mama, bukari iko wapi?"

"Bukari iko," Mapendo alijibu bila kugeuka. "Nyama njo haiko."

"Sasa nyama ilienda wapi?"

"Uliza imbwa. Walitoka pamoja."

Tulicheka mpaka kanyumba kakayumba. Bukari, yaani ugali, ilikuwa udongo, sombe, ile mboga ya majani ya muhogo, ilikuwa majani ya maboga yaliyokauka, na mimi nilikula kwa heshima zote na kupangusa mdomo. Mapendo alijua kuchekesha bila kucheka. Shuleni, pale kwenye kanisa dogo la udongo, aliposimama kusoma, Mwalimu alifumba macho, na watoto wa nyuma waliacha kuchokozana. Mwalimu alikuwa amekwisha kutaja mbele ya darasa kwamba masista wa misioni watachukua msichana mmoja wa kwetu kwenye internati yao, shule ya bweni, mwaka unaofuata, na hakuhitaji kusema ni nani. Mimi sikumwonea wivu. Nilisoma kama mtu anayevuka mto juu ya mawe.

Msimu wa kupalilia maharagi akaja mama mmoja mgeni. Binti yake aliolewa kwa majirani zetu na alikuwa amejifungua. Mama akapanda kutoka Itebero kumhudumia, safari ya kulala njiani, kikapu mgongoni na ukanda wake kwenye kipaji cha uso kama wafanyavyo watu wa msituni. Wote tulimwita Koko, kama tunavyowaita bibi zetu. Siku ya kwanza alisikia kicheko chetu, akaja akisukuma majani ya migomba kwa fimbo.

"Hodi. Wenye nyumba muko?"

Tuliona haya. Watu wazima walikuwa hawaingii kwetu. Lakini yeye alijikunja, akaingia, akaketi chini miguu imenyooka. "Mimi ni mugeni," akasema. "Nimetoka mbali. Watu ya humu wanakulaka ao wanasikilizaka tu njaa?" Mapendo akampa kigae cha udongo kwa mikono miwili. Koko akakata tonge, akajifanya anatafuna, akatazama juu kama anayepima. "Chumvi njo kidogo," akasema. "Lakini mukono iko muzuri." Nilimpenda papo hapo. Nalisema hilo wazi kwa sababu wanaosikia kisa hiki hutaka awe mchawi, na hakuwa mchawi. Alikuwa mama mwenye meno machache na sauti ya chini, aliyejua kukaa na watoto bila kuwafukuza. Wakubwa wetu hawakuwa na muda huo.

Kesho yake alileta chungu kidogo cha kweli. Siku nyingine akaleta mawese katika kibuyu, na samaki wadogo waliokaushwa, na mara moja kipande cha nyama ya msituni iliyobanikwa, nyeusi, ngumu, yenye harufu ya moshi iliyokaa vidoleni hata ukinawa. Sasa kanyumba kalikuwa na moto. Tulikula chakula ambacho nyumbani kwetu hakikuonekana ila Krismasi. Mapendo alifundishwa kusonga bukari bila kuacha madonge, kupika sombe mpaka mafuta yapande juu, kufunga mzigo wa kuni kwa namna ya huko, na kuubeba kwa ukanda wa kipajini, shingo imekaza, mikono imeachwa huru. Alijifunza haraka kama alivyojifunza kusoma. Koko alimwita mukamwana, mke wa mwanangu, na sisi tulicheka, kwani mwanawe katika mchezo alikuwa ni mimi, na mimi nilivaa kofia ya majani.

Halafu siku moja nilikohoa mlangoni, na Koko akasema kutoka ndani, "Bwana hayuko. Bwana iko safari."

"Bwana njo mimi," nikasema.

"Wewe sasa utakuwa shemeji. Kaa pale inje, shemeji, utaitwa."

Nikakaa nje. Niliona jambo dogo, na nilijiambia kuwa ni dogo. Nikiwa hapo nje nilisikia jinsi sauti za ndani zilivyobadilika. Mapendo hakuchekesha tena. Alipojibu kwa utani, Koko alinyamaza mpaka utani ukafa wenyewe. "Piga goti ukileta maji," nilimsikia akisema, bila ukali wowote. "Hapana vile. Vile. Macho chini." Kisha alimwomba amwonyeshe meno, akayatazama. Akavipindua viganja vyake. Akampaka mawese mikononi na miguuni mpaka akang'aa, akamwambia asimame, azunguke. Mapendo alizunguka. Nilichungulia kati ya majani, naye akaniona, akanitolea ulimi kidogo, haraka, kabla hajageuka upande wa mama yule. Nilifarijika. Nikajua bado tunacheza.

Mpaka leo nashindwa kusema ni siku gani mchezo uliisha, na hilo ndilo linaloniudhi. Kama kungekuwa na siku, ningepiga kelele siku hiyo. Lakini kila siku ilifanana na jana yake, ila ilikuwa imezidi kidogo. Mbuzi walionekana uani kwa kina Mapendo. Nikauliza ni wa nani, kaka yake, huyu tuliyemzika juzi, akasema ni wa wageni. Nyama ya msituni ikaonekana ikining'inia juu ya moto wa mama yake, imefungwa kwa majani ya aina ambayo kwetu haioti. Na nyumbani kwetu, ambako chumba cha kulala kilitengwa na jiko kwa ukuta wa matete tu, nilikuwa nimelala kwa homa mchana mmoja nikawasikia mama yangu na mama yake Mapendo wakichambua maharagi upande wa pili.

"Koko anasema mutoto iko na mikono ya kazi," alisema mama yake Mapendo.

"Na kijana yake mwenyewe?"

"Bibi yake wa ndoa alikufa, akamuachia watoto. Anawindaka. Si mulevi."

Maharagi yakaendelea kudondoka kwenye ungo. Mama yangu akauliza, "Na ile mambo ya masista?"

"Papa yake anasema masista hawazaake watoto."

Hakuna aliyecheka. Nilisubiri mama yangu aseme neno. Mama yangu alikuwa na maneno kwa kila kitu, kwa kuku, kwa mvua, kwa padri. Akasema tu, "Haya," na baadaye wakazungumza juu ya wadudu wanaokula maharagi.

Nilipopona nilianza kuzunguka. Nasema kuzunguka kwa sababu ndivyo nilivyofanya, kama kuku aliyefungwa mguu. Nilimwambia mama kwamba Koko anataka kumchukua Mapendo. Akasema, "Ule ni muchezo yenu. Njo nyinyi muliuanzisha. Ao unaona wivu kwa sababu walikutoa kuwa bwana?" Nilimwambia baba, baba alicheka, akamwita ndugu yake asikie, akanirudishia mimi mwenyewe maneno yangu kwa sauti nyembamba. Nilimwendea Mwalimu. Yeye hakucheka. Alivaa koti lake siku hiyo hiyo, akatembea mbele yangu mpaka kwa baba yake Mapendo, na mimi nilimfuata kwa furaha kubwa. Nikabaki nje ya ua. Walimkaribisha vizuri. Wakamletea kasikisi, ile pombe ya ndizi, katika kibuyu kipya. Nilisikia sauti yake ikianza juu, ile aliyotumia darasani, ikashuka, ikawa sawa na zao, mwishowe nikawasikia wote wanazungumzia bei ya kahawa. Alipotoka, kope zake zilikuwa nzito. "Sifa," akasema, "ile ni mambo ya famille, ya jamaa yao. Mimi ni mwalimu tu." Nikamwambia yeye ndiye aliyetuambia kwamba msichana mmoja atakwenda. Akasema, "Nilisema mumoja. Sikusema nani."

Na Mapendo mwenyewe? Nilimwambia. Tulikuwa mtoni, tumejaza mitungi, nikamwambia yote niliyosikia nyuma ya matete. Alisikiliza huku akichezesha kidole ndani ya maji. "Koko anafurahishaka roho yake tu," akasema. "Ataenda, atatuacha." Kisha akaniambia nimsaidie kujitwisha. Nilimkasirikia na yeye. Nilidhani hataki kuona.

Asubuhi ya mwisho ilikuwa na ukungu. Koko alikuja kutuita mwenyewe, amefunga kikapu chake. Binti yake alikuwa amepata nguvu, na yeye anarudi kwao. "Leo tutacheza ya kusindikiza mugeni," akasema. "Mukamwana atabeba kikapu. Shemeji atakuja mpaka pale juu." Mapendo alitoka ndani amevaa kitenge ambacho kilikuwa cha mama yake, kimepindwa mara mbili kiunoni ili kisiburute. Mama yake hakutoka. Baba yake alikuwa amekwenda shambani mapema, walisema. Nilikitazama kitenge kile, nikatazama mlango uliofungwa. Nilijua, na tena sikujua. Mtoto anaweza kubeba vyote viwili, kimoja kila bega. Tulipanda kilima. Mapendo akaweka ukanda kipajini bila kufundishwa. Njiani alianza utani wetu wa zamani, jambo ambalo hakuwa amelifanya kwa miezi mbele ya Koko, na Koko hakumkataza.

"Bwana, kule tunaenda kuna nyama?"

"Kuko nyama mingi," nikasema. "Inatembea na miguu yake."

"Basi utaifunga na nini?"

"Na kamba ya mudomo yako."

Alicheka sana, zaidi ya utani wenyewe. Tulipofika juu, pale njia inapoanza kuteremka kuelekea Walikale na unaona msitu umelala chini mweusi mpaka mwisho wa macho, mwanamume alikuwa ameketi juu ya gogo. Alisimama alipotuona. Alikuwa amevua kofia, ameishika kifuani kwa mikono miwili, na mkuki wake ulikuwa umesimamishwa kwenye mti mbali naye, ili asitutishe nadhani. Hakuwa mzee. Hakuwa mbaya. Alimsalimu Koko, mama yake, akanisalimu mimi, ila kwa Mapendo aliinamisha kichwa tu, akachukua kikapu kutoka mgongoni kwake, akakibeba mwenyewe. Sijui kwa nini kitendo hicho cha adabu ndicho kilichonivunja.

Koko akanigeukia. "Rudi tokea hapa, mwanangu. Umesindikiza vizuri."

"Na Mapendo?"

"Mapendo ananipeleka kidogo."

"Tutarudi saa ngapi?" Mapendo akauliza. Aliuliza akinitazama mimi.

"Tembea kwanza," Koko akasema.

Wakateremka. Ukungu ulikuwa umekaa kwenye miti ya chini, ukawachukua miguu kwanza, halafu viuno. Niliita jina lake. Aliinua mkono juu bila kugeuka.

Nilikimbia mpaka kijijini, nikapiga kelele njia nzima, nikaingia kwa mama yake Mapendo bila hodi. Alikuwa ameketi kwenye kigoda, anamenya viazi. Nikamwambia wamemchukua, waite wanaume, bado wako karibu. Hakuinua uso. Kisu kiliendelea. "Nani alikutuma kuwasindikiza?" akauliza. Nikasimama pale, jasho linanitoka, na nikatambua kwamba watu walionipita njiani, walionisikia nikilia, hawakuwa wameuliza kitu. Mama yangu alikuja kunichukua kwa mkono. Nilimwuliza mbona hawakufanya lolote, naye akasema, "Sasa ile ni mambo ya wakubwa." Wiki chache nyuma ulikuwa mchezo wa watoto. Nilitafuta siku iliyokuwa katikati, siku ambayo neno langu lingekuwa na mahali pa kukaa, na sijaipata hata sasa.

Kanyumba walikabomoa wakati wa kukata majani ya migomba. Na mwaka uliofuata masista walimtaka msichana wao mmoja, na Mwalimu, ambaye alikuwa hawezi kuniangalia usoni, akatoa jina langu. Watu walisema Mungu akifunga mlango anafungua dirisha. Nilipita kwenye dirisha hilo nikiwa na hasira, nikajifunza kwa hasira, nikawa mkunga kwa hasira, na katika miaka yote ya kazi yangu, kila walipomleta msichana mdogo kitandani, mwembamba, macho chini, nilimtazama kwanza usoni kuhakikisha si yeye.

Basi katika chumba kile cha msiba, wengine walipotoka kwenda kupakua chakula, nilimwambia. Sikupanga maneno; yalikuwa yamejipanga miaka yote hiyo. Nilimwambia walimdanganya. Nilimwambia walimwongoza kama mbuzi kwa majani, na kwamba mama yangu na mama yake na Mwalimu wote walijua, na mimi nilimwita pale juu naye hakugeuka, na sikuwahi kuwasamehe. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Sifa," akasema. "Mimi nilijua."

Sikumwelewa.

"Mama aliniambia. Si asubuhi ile; mbele. Kabla uniambie kule mutoni nilikuwa najua. Nililia kwa mama, nikalia kwa papa, akanipiga, nikanyamaza. Mama akasema, usiambie Sifa, yule atapiga kelele, papa yako atazidi kukupiga." Alivuta kitambaa chake kilicholowa, akakikamua kidogo pembeni. "Na mimi nilitaka kubakia na mutu mumoja wa kucheza naye. Wote wengine walikuwa wananitazama kama maiti. Wewe tu njo ulikuwa unanikasirikia."

"Uliniuliza tutarudi saa ngapi."

"Ningesema nini?"

Nikamwuliza kama yule mtu alimtesa. Akasema hapana, hakumtesa. Alikuwa mtu wa kunyamaza, alikufa zamani, na Koko ndiye aliyemlea kwa kweli, akampokelea watoto wake wote, na yeye Mapendo akaja kumzika Koko akimlilia. Akasema alimpenda Koko. Akasema pia kwamba miaka ya kwanza, akiwa peke yake shambani, alisoma kwa sauti vitu vyote alivyokumbuka, mpaka vikaanza kuchanganyika, mpaka vikaisha. Aliyasema yote mawili kwa sauti moja, na mimi sikujua niweke wapi hasira yangu. Nilikuwa nimeibeba kwa niaba yake; yeye alikuwa na yake, tofauti, ameitumia yote. Nilitaka angalau alaani mtu mmoja. Hakulaani.

Walileta chakula, bukari na maharagi. Tulinawa katika beseni moja. Alikata tonge, akalishika bila kulila.

"Na kule kwa masista," akasema, "kulikuwa namna gani?"

"Ni mambo ya zamani, Mapendo."

"Mulikuwa munalala wapi? Kila mutu kitanda yake? Asubuhi waliwapa nini?" Alikuwa ameacha kunitazama, alitazama ukuta, uso umeelekezwa mbele, kama mtu anayetaka kusikia vizuri. "Anzia pale mulifika ku mulango. Nani alifungua?"

Nikaanza kumwambia. Nilimwambia juu ya mlango, na sista mnene aliyeufungua, na chumba kirefu chenye vitanda vya chuma, na msichana kutoka Mpofi aliyelala jirani yangu akilia kwa lugha yake. Aliniuliza jina la msichana huyo, na nilipolitaja aliitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayepewa habari za mahali ambako walikuwa wakimngojea.